Mtoto akiacha kipaji chake, usikimbilie kulia

Mzazi mwenzangu, wiki hii mama mmoja ameniandikia kwa uchungu. Binti yake wa miaka 16 ndiye nyota wa maigizo shuleni, na shangazi zake wameshaanza kumwita msanii. Ghafla binti amesema hataki tena. "Nimekosea wapi?" anauliza mama.

Nitamjibu kwa kisa cha Linda Manz, mwigizaji wa Marekani ambaye wengi wetu hatumjui. Alizaliwa New York mwaka 1961, akalelewa na mama aliyefanya kazi ya usafi. Akiwa bado kigori alichaguliwa kuigiza katika Days of Heaven, filamu ya Terrence Malick iliyotoka 1978. Wakati wa kuihariri, alionyeshwa picha akaachwa aseme yanayomjia. Maneno yake ndiyo yakawa masimulizi ya filamu hiyo.

Mwaka 1980 alibeba Out of the Blue, filamu huru ya Dennis Hopper iliyoshindanishwa Cannes. Humo ni binti wa baba mlevi na mama anayetumia dawa za kulevya, na hana wa kumsikiliza.

Baada ya hapo kazi zikapungua. Aliolewa, akapata wana watatu. Alipohojiwa mwaka 1997, aliporudi kidogo katika filamu Gummo, alieleza kuwa chipukizi walikuwa wengi, naye akapotea katikati yao. Sasa alifurahia kukaa nyumbani na kupika supu. Alifariki Agosti 2020 akiwa na miaka 58, na hadi leo wapenzi wa filamu wanamkumbuka kwa kazi hizo chache.

Sisemi mahali pa binti ni jikoni. Ninachosema ni kwamba kipaji si deni ambalo mtoto atalilipa maisha yake yote.

Kwa hiyo mama, kabla ya kulia, kaa na binti yako mkiwa wawili tu. Muulize: amechoka? Amependa kitu kingine? Au kuna mtu anayemsumbua mazoezini? Kama ni hilo la mwisho, usilinyamazie hata siku moja, nenda shuleni. Kama amechoka tu, mpumzishe, na waambie shangazi nao wapumzike.

Kisha jiulize mwenyewe: ile ndoto ya usanii ilikuwa yake, au yako?

Tukutane wiki ijayo.