AFYA YA FAMILIA: Sumu isiyoondoka kwa kuchemsha maji

Mwezi huu tuongee kuhusu maji ya mtoto mchanga.

Kuchemsha maji ni lazima, maana kunaua vijidudu vya kipindupindu na kuhara. Ila kuna kitu kimoja moto haukiwezi: nitrati. Hiyo ni chembe moja ya nitrojeni iliyoshikana na chembe tatu za oksijeni. Inatoka kwenye vyoo, samadi na mbolea, na mvua inaishusha mpaka kisimani. Haina rangi wala harufu. Ukichemsha, maji yanapungua kwa mvuke, yenyewe inabaki, basi inazidi ukali.

Mtu mzima haimsumbui sana. Lakini tumboni mwa mtoto wa chini ya miezi 6, bakteria wanainyang'anya oksijeni moja, inakuwa nitriti. Hiyo inaizuia damu kubeba oksijeni mwilini. Midomo, fizi na kucha zinageuka bluu, na mtoto anaweza kufa. Daktari Hunter Comly wa Marekani aliliandika jambo hili mwaka 1945. Shirika la Afya Duniani linasema lita moja isizidi miligramu 50.

Kwa hiyo, akina mama, mpeni mtoto ziwa tu hadi miezi 6. Anayelazimika kutumia maziwa ya kopo, achote maji ya bomba yaliyopimwa, si ya kisima cha karibu na choo. Akina baba, chimbeni choo mita 30 au zaidi kutoka kisimani. Na mkiona midomo ya bluu, msingoje kuche: kimbieni zahanati.

Tuonane mwezi ujao.