Hadithi ya Mwezi: Siku ya Durin

Wazazi na watoto, safari hii tunawaletea kisa kutoka The Hobbit, kitabu cha Mwingereza J. R. R. Tolkien kilichotoka 1937. Ndani yake mna watu wafupi wenye ndevu, mafundi wa mawe. Joka liliwafukuza mlimani kwao. Kwa hesabu ya Tolkien mwenyewe, walikaa ugenini miaka 171. (Sisi humu bado wageni, jamani!)

Ramani yao ilikuwa na maandishi ya siri: tundu la ufunguo la mlango wa mlimani litaonekana jua likizama Siku ya Durin. Hiyo ni siku ya mwaka mpya wao, mwezi wa mwisho kabla ya baridi unapoandama, lakini mpaka mwezi na jua vionekane angani pamoja. Sasa, mkuu wao Thorin ufunguo anao, siku haijui. Ujuzi wa kuipigia hesabu ulishapotea. Yaani mlima walinyang'anywa na joka, ila kalenda haikuchukuliwa na mtu. Iliwapotea wenyewe, polepole.

Waliikuta siku kwa bahati tu. Wameshakata tamaa, ndege akaanza kumgonga konokono kwenye jiwe, mwezi mwembamba uko magharibi, mwali mmoja wa jua ukapiga ukutani, na tundu hilo hapo!

Toleo lijalo tutaweka majina ya miezi kwa lugha zetu za nyumbani. Bibi na babu mnaoyakumbuka, mtajieni mtoto ayaandike, atuletee.