MASTAA WA TUKUYU, KINYAKYUSA KIMEWAKOSEA NINI?

Wadau, leo simtaji mtu jina. Mhusika atajijua.

Kuna staa kakulia hapa hapa Tukuyu, kakuzwa na ndizi na maziwa ya Rungwe. Juzi kati kwenye mahojiano kaombwa asalimie tu nyumbani kwa kilugha. Kacheka eti, "Hiyo lugha ya wazee, mi siijui." We! Na bibi yako asiyejua Kiswahili vizuri mnaongea nini?

Na nyie ma-MC wa send-off! Nusu ya ukumbi ni mabibi, we unamwaga Kiingereza cha kuombea maji. Bibi harusi anaagwa, bibi yake mzaa mama haambulii hata neno. Hiyo ndo hadhi?

Najua mtasema naleta ukabila. Hapana. Kiswahili ndo kimetuunganisha, na mi nakiandika kila siku. Tangu 2021 sheria imekifanya lugha ya mahakama, na kila Julai 7 dunia inakiadhimisha. Kiingereza nacho kina sekondari na vyuo vikuu. Hizo mbili zina pa kuegemea. Kinyakyusa hakina darasa wala mtihani, kina mdomo wako tu. Ukiufunga kwa aibu, mwanao atakisikia wapi?

Serikali haijamkataza mtu kuongea Kinyakyusa sebuleni kwake. Tunajikataza wenyewe, tuonekane wa mjini.

Haya, mwanao akiambiwa "ugonile" anajua kujibu? Semeni ukweli. Povu ruksa.