Maonyesho ya Chuo Yavuke Maji

Mwaka 2026 inatimia miaka 75 tangu wanafunzi wa kwanza waingie pale Tudor, kwenye chuo ambacho leo kinaitwa Technical University of Mombasa, na ambacho wazee wetu huku ng'ambo bado wanakiita Poly. Miaka 75 haipiti bila sherehe, na sherehe za chuo siku hizi hazikosi maonyesho: nyaraka zinatolewa kabatini, picha zinatiwa fremu, anaitwa mgeni wa heshima akate utepe. Hayo sipingi. Napinga yale maonyesho ambayo najua tutapewa tusipopiga kelele mapema.

Nikwambie yatakavyokuwa? Ukutani utachorwa mstari wa miaka. 1951, MIOME, taasisi ya elimu ya Kiislamu iliyojengwa kwa michango ya Aga Khan, Sultani wa Zanzibar, Mabohora na serikali ya kikoloni. 1966, Mombasa Technical Institute. 1972, Mombasa Polytechnic. 2007, chuo kishiriki cha JKUAT. 2013, hati ya kuwa chuo kikuu kamili. Yaani ngazi tupu, kila kipago juu ya kingine, na kule juu kabisa picha ya watu wenye majoho wanacheka.

Tarehe zote hizo ni za kweli. Ila hiyo ni hadithi ya jina la chuo, na jina halipandi matatu. Watu ndio wanaopanda. Aliyesoma Poly mwaka 1975 akitokea Kisauni alikuwa anavuka Nyali kwa daraja la kuelea, maana hili la zege, ambalo leo tunakwama juu yake, lilifunguliwa 1980. Wa Likoni alisubiri feri, na mdogo wake leo anasubiri feri. Kama rejista za mahudhurio zingali zipo, zitoeni hizo. Nani alichelewa, mara ngapi, alikuwa anatoka wapi. Hapo utakuwa umenionyesha chuo kilikuwaje.

Twende Changamwe sasa, maana huko ndiko hadithi inakonoga. Kiwanda cha kusafisha mafuta kilifunguliwa 1963. Chuo cha ufundi na kiwanda cha namna ile ni chanda na pete: kinahitaji watu wa mitambo, wa umeme, wa kuchomelea vyuma. Kisha ikaja 2013. Mwaka uleule Poly ilipopewa hati ya chuo kikuu, kiwanda cha Changamwe kiliacha kusafisha mafuta, yakabaki matangi ya kuhifadhia. Sisemi moja lilileta jingine. Nasema mtoto wa Changamwe aliyezaliwa 1995 aliyaona yote mawili kwa mpigo, akiwa na miaka 18, umri wa kuamua asomee nini: chuo kinapanda cheo huku geti la kazi linafungwa. Niambie ni maonyesho gani ya chuo yatatundika hati ile na geti lile kwenye ukuta mmoja. Hayapo, kwa sababu mgeni wa heshima atakosa pa kupigia picha.

Halafu kuna sisi tulioacha. Aliyefuzu ana kitabu chake cha mahafali, jina limechapishwa, mama yake amekihifadhi chini ya godoro. Aliyeacha yuko kwa mhasibu, kwenye orodha ya madeni ya karo. Mimi niliacha mwaka wa pili, chuo chenyewe sikitaji, na sitafuti huruma ya mtu. Nasema tu kwamba faili yangu najua iko kabati gani.

Na usidhani walioacha ni watu wa pembeni katika historia ya vyuo vyetu. Oktoba 1966 wanafunzi wa Dar es Salaam waliandamana kupinga utaratibu wa kujiunga na Jeshi la Kujenga Taifa, Nyerere akafukuza karibu 400 siku ileile. Wengi walirudishwa baadaye. Titus Adungosi hakurudi. Alikuwa mwenyekiti wa wanafunzi Chuo Kikuu cha Nairobi mwaka 1982. Baada ya jaribio la mapinduzi la Agosti alifungwa miaka 10, akafia gerezani 1988. Joho hakuvaa. Ukipanga historia ya chuo kwa kufuata majoho, huyo unamweka wapi?

Kusahau kwenyewe ni kwepesi, hata kwa wanaojidai wanakumbuka. Machi 2016, Chuo Kikuu cha Cape Town kilifungua maonyesho ya mapambano ya wanafunzi waliong'oa sanamu ya Rhodes mwaka mmoja kabla. Wanafunzi wa kundi la Trans Collective, ambao walikuwa ndani ya mapambano hayohayo, waliona wamefutwa. Wakapaka picha rangi nyekundu, wakaziba mlango kwa miili yao. Sasa ikiwa maonyesho ya waasi yaliwasahau waasi, ya baraza la chuo yatamkumbuka nani?

Najua jibu linakuja: faili za wanafunzi ni siri, na Kenya ina sheria ya kulinda data tangu 2019. Sawa kabisa. Hakuna anayetaka jina na deni la mtu ukutani. Tupeni hesabu ya kutoa, ile ya darasa la pili: kila mwaka waliingia wangapi, wakatoka na cheti wangapi. Iandikeni kwa herufi kubwa kama mlivyoandika jina la Aga Khan.

Na msiifungie Tudor, ambako askari getini ataniuliza kitambulisho. Ileteni soko la Kongowea, ileteni pale watu wanaposhukia feri Likoni, tafuteni ukumbi Changamwe. Wekeni meza tupu, watu walete vyao: kadi za zamani, risiti za karo, rula za kuchorea. Na yule mama wa Kisauni anayekopesha wanafunzi mahamri na mbaazi mwezi mzima, mwaka nenda mwaka rudi, ana daftari. Majina yamo, tarehe zimo, nani alilipa na nani alihama usiku. Mkienda kuliomba, bana, nendeni na pesa, maana wengine humo hawajalipa mpaka leo.