Neno la hekima lina mwenyewe

Alfajiri, kabla watu hawajapiga mswaki, simu zinaanza kuita. Kundi la ukoo, kundi la waliosoma pamoja, kundi la jumuiya: picha ya jua likichomoza na chini yake maneno ya kutia moyo. Subira huvuta heri. Baada ya dhiki faraja. Aliyetuma ana nia njema, aliyepokea anarudisha alama ya viganja vilivyokutana, na kila mmoja anaendelea na hamsini zake. Maneno ya hekima hayajawahi kuwa mengi mikononi mwetu kiasi hiki, na bado wanaokesha na mawazo hawajapungua. Hoja yangu ni kwamba neno la hekima humtuliza mtu pale ambapo msemaji anayajua yaliyomsibu na yuko tayari kubeba sehemu ya mzigo huo. Yakikosekana hayo mawili, hata lingekuwa la Luqman mwenye hekima lingepita sikioni na kwenda zake.

Ushahidi wa kwanza umo ndani ya methali zenyewe, maana zinapingana waziwazi. Haraka haraka haina baraka, lakini ngojangoja huumiza matumbo. Mvumilivu hula mbivu, lakini chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Anayedhani hekima ni hazina ya majibu yaliyokwisha kuandaliwa atashangaa kuona wahenga walituachia jibu na kinyume chake. Hawakukosea. Waliacha kazi ya kuchagua kwa anayesema, na huwezi kuchagua bila kujua habari ya mtu. Kijana anayetaka kuacha kazi kwa ugomvi wa siku moja anahitaji methali ya kwanza. Mjane ambaye mashemeji wanamzungusha kuhusu mirathi mwaka wa pili sasa anahitaji ya pili. Ukizibadilisha, kijana anapoteza kazi na mjane anapoteza nyumba. Kundi la watu mia mbili haliwezi kuchagua hivyo, kwa sababu halisemi na mtu yeyote hasa.

Tazama pia yanayotendeka matangani. Maneno yanayosemwa pale ni machache na yamezoeleka mno: pole, Mungu akutie nguvu, kazi ya Mungu haina makosa. Ukiyaandika karatasini hayana jipya. Ila anayeyasema ameshaandikisha rambirambi yake kwenye daftari pale mlangoni, mkewe yuko uani anachambua mchele na wenzake, na usiku atajinyoosha kwenye mkeka na wafiwa. Mfiwa anaposikia “pole” ya mtu huyo anasikia na mengine yote nyuma yake. Neno hilohilo likitumwa na jirani wa nyumba ya tatu ambaye hakutia mguu msibani, wafiwa hulikumbuka kwa miaka, na si kwa wema.

Kama haya yanaonekana ni mazoea tu ya kwetu, kuna ushahidi uliopimwa. Mwaka 2006, mwaka mmoja baada ya serikali ya Zimbabwe kubomoa makazi ya maelfu ya watu mijini, daktari wa magonjwa ya akili Dixon Chibanda alianza na bibi 14 katika kitongoji cha Mbare, Harare. Madaktari wa fani yake walikuwa wa kuhesabika nchi nzima. Bibi hao walifundishwa, wakapewa mabenchi ya mbao nje ya zahanati, na mpango ukaitwa Benchi la Urafiki. Utafiti uliochapishwa mwaka 2016 katika JAMA, jarida la madaktari wa Marekani, ulihusisha wagonjwa 573 katika zahanati 24. Baada ya miezi sita, dalili za sonona zilibaki kwa takriban asilimia 14 ya waliokaa na wahudumu wa mabenchi hayo, dhidi ya asilimia 50 ya waliopata huduma ya kawaida iliyoboreshwa kidogo. Linalonivutia zaidi ni jinsi bibi hao wanavyofanya kazi. Hawaanzi kwa nasaha. Wanaacha mtu aeleze matatizo yake yote, wanamsaidia kuchagua moja, wanapanga naye hatua ya kulishughulikia, kisha anarudi kusema limefikia wapi. Na hali ikizidi uwezo wao, wanampeleka kwa wataalamu. Huo ndio ujuzi wa mzee anayejua kuchagua methali, ila hapa umefundishwa, ukapimwa na ukapewa benchi.

Yupo atakayeuliza: vipi basi kuhusu anayepata utulivu akiwa peke yake na kitabu? Swali ni la haki. Marcus Aurelius, kaisari wa Roma aliyefariki mwaka 180, aliandika baadhi ya mawaidha yake akiwa vitani pande za mto Danube. Lakini alijiandikia mwenyewe, na ukimsoma utaona anarudia nasaha zilezile tena na tena, dalili ya mtu ambaye kusema mara moja hakukumtosha. Msomaji wa uradi au wa zaburi naye hufanya vivyo hivyo kila siku, miaka nenda miaka rudi. Watu hawa hawana msemaji wa nje kwa sababu wamejifanya wasemaji wa nafsi zao, na gharama ya neno wanailipa wao. Anayepitisha kidole kwenye nasaha arobaini akisubiri daladala hajalipa chochote.

Pingamizi zito zaidi ni jingine, na mara nyingi wanawake ndio wanaolitoa: hekima imetumika kuwanyamazisha watu. Mwanamke anapigwa, anaambiwa ndoa ni kuvumilia. Kibarua halipwi, anaambiwa subira huvuta heri. Hapa sina utetezi wa jumla. Hata utenzi wa Mwana Kupona wa mwaka 1858, wasia wa mama mgonjwa kwa bintiye Mwana Hashima, umelaumiwa kwa kumfunza mke utii, na wanaolaumu wana hoja. Lakini Mwana Kupona alimjua binti yake na dunia aliyokuwa anamwachia. Kosa kubwa zaidi ni letu tunaochukua nasaha ya mama mmoja na kumkabidhi kila bi harusi, kisha tusionekane siku anaporudi kwao na jicho limevimba. Somo wa zamani wa pwani, yaani mwanamke aliyemfunda bi harusi, hakuwa malaika, ila alijua kwamba ndoa ikiharibika mwari wake atabisha hodi mlangoni pake. Kwa hiyo kipimo kipo: utulivu unaotafutwa ni wa nani? Ikiwa neno linamtuliza msemaji asisumbuliwe tena, na msikilizaji anarudi kwenye kipigo kilekile, hilo halina haki ya kuitwa hekima.

Wala sidai maneno yanatibu kila kitu. Sonona ni maradhi, na wapo wanaohitaji dawa na daktari. Lakini wengi wanaokesha hawajafika huko. Wanahitaji mtu aliyefunzwa kusikiliza, na watu wa kuwafunza tunao tayari. Kenya ilizindua wahudumu wa afya ya jamii wapatao 100,000 mwaka 2023. Tanzania ilianzisha mpango wake Januari 2024, ukilenga wahudumu zaidi ya 137,000 katika miaka mitano. Benchi la Urafiki lenyewe limeshafika Malawi na Zanzibar, kwa hiyo hakuna haja ya kwenda mbali kujifunza. Wizara za afya ziingize ustadi huo wa kusikiliza katika mafunzo ya wahudumu hao, nao wapewe muda wa kukaa na mtu, pasiwe na kupima na kuandika tu. Na wewe unayetaka kumtumia nduguyo nasaha kesho asubuhi, mpigie kwanza umuulize amelalaje.