MCHEZAJI MKUU NAYE NI MFANYAKAZI



Katika mkutano wa tawi uliopita, sisi watu wa reli wa Kitale na Bungoma tulileta neno moja, na wengine wakacheka. Tulisema kwamba mwenzetu anayeimba na kuongoza mchezo wetu wa Siku ya Wafanyakazi alipwe. Tukajibiwa kuwa kuimba si kazi. Apewe soda na mkate, yatosha. Twaomba nafasi katika karatasi hii tueleze kwa nini hatukubali.

Mwenzetu huyo humaliza zamu saa kumi na mbili jioni, hula upesi, kisha hufanya mazoezi mpaka saa nne ya usiku. Nyimbo zote kubwa ni zake, na akikosa yeye hakuna mchezo. Siku ile ukumbi ulijaa. Aliyepiga chapa matangazo alilipwa. Mwenye viti alilipwa. Mwimbaji alipewa soda. Tena kosa hili si la tajiri. Ni letu sisi wenyewe.

Wengine husema watu wa kazi za mikono hawawezi kuwa wachezaji wa kweli. Na wakumbuke Kamirithu, karibu na Limuru. Mwaka 1977 wakulima na wafanyakazi wa huko, wakiwamo wa kiwanda cha viatu, walijenga jukwaa kwa mikono yao, wakacheza Ngaahika Ndeenda, mchezo wa Kikuyu wenye nyimbo na ngoma, ulioandikwa na Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ. Habari yake ni ya Kiguunda, kibarua mwenye ekari moja na nusu, ambaye alikopa benki ili afunge harusi ya kanisani, na shamba lake likapigwa mnada. Watu walikodi mabasi kwenda kuwatazama. Mchezo ulifunguliwa tarehe 2 Oktoba. Tarehe 16 Novemba serikali ikafuta ruhusa. Mwisho wa Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o alikamatwa, akawekwa kizuizini karibu mwaka mzima bila kushtakiwa. Mwezi wa Machi 1982 polisi walilibomoa jukwaa lenyewe. Sauti watu wale walikuwa nazo bado, lakini mahali pa kusimama hapakuwapo.

Hata aliye mashuhuri duniani yaweza kumpata. Paul Robeson, Mmarekani mweusi, alikuwa mwana wa mtu aliyetoroka utumwa. Mwaka 1928 alipata sifa kubwa mjini London katika mchezo wa kuimba uitwao Show Boat, akiwa Joe, mchukuzi wa mizigo. Katika filamu ya Sanders of the River ya mwaka 1935 alikuwa mchezaji mkuu, na Jomo Kenyatta, aliyekuwa Uingereza wakati huo, alitokea kati ya watu wa kujaza umati. Baadaye Robeson aliikataa filamu hiyo kwa kuwa ilisifu ukoloni. Mwaka 1950 serikali yake ilimnyang'anya pasi ya kusafiri kwa ajili ya siasa zake, na kumbi nyingi za kwao zikamfungia milango.

Je, nani alimpa jukwaa? Ni vyama vya wafanyakazi! Mwezi wa Mei 1952 chama cha wachimba madini kilimwekea lori mpakani mwa Marekani na Kanada, akaimba juu yake, na maelfu wakamsikiliza kutoka pande zote mbili. Mwaka 1957 wachimba makaa wa Wales walimsikia akiwaimbia kwa waya wa simu kutoka ng'ambo ya bahari. Pasi alirudishiwa mwaka 1958.

Basi haya ndiyo maombi yetu kwa halmashauri ya tawi. Kwanza, kabla ya kila mchezo iandikwe sehemu ya kiingilio itakayokuwa ya wachezaji, na mchezaji mkuu ajue fungu lake. Pili, ukumbi wetu uwe wao jioni moja kila mwezi, leo Kitale, mwezi ujao Bungoma. Tatu, tusaidiane kubadilishana zamu ili wapate kufanya mazoezi.

Kuna wanaosema fedha ya chama ni ya kesi na misiba. Ni kweli, nasi hatuombi hata senti moja ya ada. Twaomba wagawiwe fedha waliyoileta wao wenyewe mlangoni.

Kila mwezi twamdai tajiri malipo ya saa za ziada. Tutamtazamaje usoni, hali ndugu yetu ametufanyia kazi usiku kucha kwa chupa ya soda?

Neno hili litaletwa tena katika mkutano ujao. Njoni mpige kura.

Ni sisi,
Wafanyakazi wa Reli, Kitale na Bungoma.