Mwenyeji wa Kilosa ni nani?

Wadau, nimepotea kidogo, si kwa kupenda. Semina zimetubana, boom halijatoka, na bando nalo ni la kubahatisha. Leo nimepata upenyo hapa geto Mbezi Luis, na kuna jambo linanikereketa tangu wiki iliyopita, bora niliteme.

Kundi letu la semina tumepewa tuandike historia ya mji mmoja mdogo wa wakulima. Tukachagua Kilosa, kwa vile mie ndo kwetu. Mwenzetu mmoja akashauri tuandike Wasagara, Wakaguru na Wavidunda, basi, kwa sababu eti "wengine wote walikuja tu." Wengi wakaafiki haraka haraka, maana kazi inakuwa fupi! Mie nilikataa na bado nakataa.

Walikuja tu? Hebu tuone. Wote tulisoma habari za Mangungo wa Msovero, tukamcheka darasani. Msovero iko Kilosa, jamani. Novemba 1884 Karl Peters alipita Usagara akikusanya alama za machifu kwenye karatasi za Kijerumani ambazo hawakuweza kuzisoma, na Februari 1885 Kaisari akampa hati ya ulinzi juu ya nchi nzima hiyo. Kwa hiyo Msagara anaposema ardhi yake iliibwa, hadanganyi. Hilo naliweka mbele kabisa, mtu asije akanigeuzia maneno.

Lakini mji wenyewe, ule wa stesheni, maduka na soko, haukujengwa na kabila moja. Reli ya kati ilianza kutandikwa kutoka Dar mwaka 1905 na kufika Kigoma 1914, ikapita Kilosa. Yakaja mashamba ya pamba, kisha mkonge. Na mkonge wenyewe ni mgeni! Dokta Hindorf aliuagiza kutoka Florida mwaka 1893, miche 1,000, ikapona 62 tu, ikapandwa kule pwani ya Tanga. Asili yake Meksiko. Leo nani anauliza mkonge kwao wapi?

Mkonge ulitaka mikono. Wenyeji wengi walikuwa na mashamba yao, hawakuona sababu ya kwenda kuchomwa miiba kwa ujira ule. Basi watu wakachukuliwa mbali: Wangoni, Wabena, Wamakonde, Wanyamwezi, hadi Warundi. Hao ndo manamba, watu waliohesabiwa kwa namba. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaanzisha ofisi yao ya kuandikisha vibarua, watu wakaiita SILABU. Babu yangu mzaa baba alikuja Kimamba kwa njia hiyo kutoka Songea. Alikata mkonge mpaka vidole vikakakamaa, akaoa Mkaguru, akazikwa Kimamba. Sasa mie niandike kwamba babu "alikuja tu"?

Halafu kuna Wahindi, ambao kwenye mjadala wetu walifutwa kwa sentensi moja. Kwanza hawakuwa watu wa aina moja. Katika miji hii ya reli ungekuta Waismailia, Mabohora, Wahindu, Masingasinga mafundi, na Wagoa makarani, kila kundi na nyumba yake ya ibada na ndoa zake. Duka la Mhindi ndo lililouza chumvi, kaniki na mafuta ya taa, likakopesha mpaka mavuno, na ndiyo, likapunja pia. Wazee wanasimulia yote mawili. Na si maduka tu. Kenya, Wahindi walizuiwa kumiliki ardhi kwenye nyanda za juu zilizotengewa Wazungu. Huku kwetu, kwa kuwa tulikuwa chini ya udhamini wa Shirika la Mataifa, mashamba ya Wajerumani yalipopigwa mnada miaka ya 1920, Wahindi waliruhusiwa kununua na wakanunua, sambamba na Wagiriki. Aprili 1971 ikaja sheria ya kutaifisha majumba yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, na wengi nchini wakafunga virago. Ukifuta hao, utaelezaje yale majengo yenye baraza mbele?

Mtasema ni kazi ya semina tu, unapandisha presha ya nini. Napandisha kwa sababu neno "mgeni" Kilosa si mchezo. Desemba 2000, Rudewa Mbuyuni, watu 38 waliuawa katika mgogoro wa wakulima na wafugaji. Thelathini na nane! Wakulima wakiwaambia Wakwavi rudini kwenu, wakati Wakwavi wamechunga kwenye mbuga hizo tangu enzi za mkoloni. Na nusu ya hao wakulima, ukiwauliza babu zao walitoka wapi, watakutajia Songea au Tabora.

Sasa kuna suala la mashamba. Mkonge ulishuka baada ya nyuzi za nailoni kuingia, mashamba mengi yakageuka pori. Serikali kwa nyakati tofauti imefuta hati za baadhi yake ili yagawiwe. Yagawiwe kwa nani? Mkutano wa kijiji ukianza kuulizana "kwenu wapi," mtoto wa manamba hana chake, Mkwavi hana chake. Msimamo wangu: anayeishi hapo na kulima au kuchunga hapo ahesabiwe, bila kuulizwa kabila. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 imeupa mkutano wa kijiji nguvu, haijampa mtu ruhusa ya kupima damu. Na Wasagara je, walioporwa kwanza? Hapo sina jibu jepesi. Nadhani vijiji vilivyobanwa kabisa na hayo mashamba vipewe kwanza, lakini kama vijiji, na wote waliomo.

Angalieni hata hapa Mbezi Luis. Palikuwa kwa Wazaramo, leo nyumba ninayopanga ina Mchaga, Mhaya, Mnyakyusa na mie, na wote tunaita nyumbani.

Kundi linakutana tena Alhamisi. Sehemu ya manamba na ya maduka nimeshaziandika, kurasa sita, na mwenzetu yule kaniambia nikizidisha nitachapa kwa hela yangu. Sawa, nitachapa. Ninachotafuta sasa ni picha za zamani za Kimamba. Kama bibi au babu yako alikaa huko, nitafute kabla ya Alhamisi, chai ya kafeteria juu yangu... boom likitoka.